Mwanaume avae nini kwenye ubatizo: mwongozo kwa baba, wasimamizi na watoto wa kiume wa Dodoma

Mama wa mtoto huwa amemaliza mapema. Kitenge kimeshonwa, kilemba kimejaribiwa mbele ya kioo, gauni jeupe la mtoto limefuliwa, limenyooshwa na kuwekwa mbali na vumbi. Baba ndiye hufungua kabati Ijumaa usiku na kuuliza, "Hivi mimi navaa nini?" Akijibiwa avae ile suti ya harusi, anakuta haifungi tumboni.

Mwongozo huu ni wa huyo baba. Ni wa babu pia, wa wasimamizi, wajomba na wale wavulana ambao siku hiyo huvalishwa mwishoni kabisa, harakaharaka, huku bajaji inapiga honi nje. Ushauri wote umesimama juu ya jambo moja: mavazi ya mwanaume ubatizoni hupangwa na kazi atakayoifanya pale mbele. Anayempakata mtoto ana mahitaji yake, anayeshika mshumaa ana yake, na anayekwenda kushusha kreti za soda ana yake. Bei ya nguo inakuja nyuma sana.

Hatua ya kwanza: uliza kanisa, siku na saa

Wakatoliki, Waanglikana, Walutheri na Wamoraviani hubatiza watoto wachanga kwa maji ya kichwani. Hapo watu wazima hubaki wakavu, ukiacha mkono wa koti la anayempakata mtoto. Wapentekoste na Wasabato hawabatizi wachanga. Mtoto mchanga huwekwa wakfu au kubarikiwa, na ubatizo husubiri mtu ajitambue, kisha huzamishwa mwili mzima kwenye maji mengi. Kwa Wasabato kumbuka pia kwamba ibada kuu ni Jumamosi, kwa hiyo fundi aliyekuahidi nguo "Jumamosi jioni" amekuahidi bure.

Kama anayebatizwa kwa kuzamishwa ni kijana wako wa miaka 13, mpangilio wake ni tofauti kabisa. Hata kama kanisa lina majoho ya kuazima, ndani avae suruali au bukta ndefu ya rangi nzito na fulana nzito, kwa sababu nguo nyeupe nyepesi ikilowa humwanika mtoto mbele ya usharika mzima. Afungashe taulo, malapa, seti kamili ya nguo kavu pamoja na chupi. Chupi watu huisahau, na huikumbuka wakiwa wameshatoka majini. Nguo zilizolowa zirudi nyumbani kwenye ndoo ndogo yenye mfuniko. Mifuko ya plastiki ya kubebea imepigwa marufuku nchini tangu Juni 2019, na mfuko wa karatasi hautavumilia maji.

Saa ya ibada nayo ina uzito wake. Dodoma iko zaidi ya mita 1,100 juu ya usawa wa bahari, na wageni wanaokuja kutoka Dar es Salaam kwa treni ya mwendokasi hushangaa jinsi asubuhi ya Juni au Julai inavyouma, hasa upepo ukianza. Ibada ya kwanza katika miezi hiyo inahitaji koti kweli, na mtoto anahitaji shali. Oktoba na Novemba mambo hugeuka: jua la saa sita kwenye uwanja wa kanisa usio na mti halimwachi salama mwanaume aliyevaa suti ya vipande vitatu. Mvua zetu zikianza, kwa kawaida kuanzia Desemba hadi Aprili, tatizo huwa chini, kwenye viatu. Nitalirudia.

Hatua ya pili: jua nafasi yako

Baba mzazi. Utampakata mtoto, au utampokea mama atakapochoka. Kwa hiyo anza na kifua chako. Toa kalamu kwenye mfuko wa shati. Toa pini, beji ya ofisini, ua la plastiki la kwenye kola ya koti. Saa ya mkononi yenye kingo kali ivuliwe au ivaliwe mkono ambao hautabeba kichwa cha mtoto. Kitambaa cha shati kiwe cha pamba au mchanganyiko laini, maana shavu la mtoto wa miezi mitatu litakaa hapo kwa nusu saa. Mtoto atacheua, hilo halina mjadala, na koti jeusi au la bluu iliyokolea huonyesha maziwa hadi picha ya mwisho. Kijivu cha kati na rangi ya udongo husamehe zaidi. Kwa vyovyote, tembea na kitambaa safi cheupe cha kuweka begani na mwambie mpiga picha akuambie ukitoe.

Msimamizi, yaani baba wa ubatizo. Kwa Wakatoliki msimamizi anatakiwa awe amefikisha miaka 16 na awe ameshapata kipaimara na komunyo, hivyo usishangae kaka wa kidato cha nne akipewa kazi hiyo. Msimamizi anaweza kuwa mmoja, au wawili, mwanaume na mwanamke. Waanglikana wana utaratibu wao: Kitabu cha Sala cha mwaka 1662 kinataka mtoto wa kiume awe na wasimamizi wanaume wawili na mwanamke mmoja. Hapa Dodoma, ambako Dayosisi ya Central Tanganyika ipo tangu 1927, bado kuna familia zinazoshika hesabu hiyo. Wanaume wawili wakisimama bega kwa bega, mmoja na suti na tai, mwingine na fulana yenye kola, yule wa pili ataonekana kama amepita njia. Pigianeni simu. Hakuna haja ya kushona sare; inatosha wote wawili wawe na koti au wote wawili wasiwe nalo.

Jambo la pili kwa msimamizi ni mshumaa. Kwa Wakatoliki huwashwa kutoka kwenye Mshumaa wa Pasaka, na mara nyingi baba au msimamizi ndiye huwasha na kuushika. Epuka mikono mipana inayoning'inia, joho la kitenge lenye mabawa, au skafu. Nta ikidondoka kwenye suruali usiifute. Iache igande, ikwangue kwa kisu butu, kisha weka karatasi isiyo na maandishi juu na chini ya doa, upitishe pasi ya moto wa wastani. Karatasi itainyonya. Gazeti usilitumie, wino utahamia kwenye nguo.

Babu. Mwache babu. Ana kaunda suti yake ya tangu enzi zile, ana kofia ya pama na fimbo, na anajua namna ya kuvaa kuliko wajukuu wote. Kazi yenu ni kumfulia na kumpigia pasi siku mbili kabla, na kuangalia kama zipu inafanya kazi. Kofia ataivua mwenyewe akifika mlangoni.

Mjomba, shemeji, jirani, mfanyakazi mwenzako. Suruali ya kadeti, shati lenye kola lililochomekewa, mkanda na viatu vya kufunika. Hapo umemaliza, na hakuna atakayekuuliza tai iko wapi.

Ndugu wa kupanga viti na kupokea vyakula. Vaa kama jirani, halafu weka fulana na suruali kuukuu kwenye mfuko. Ndafu haibebwi na mtu mwenye shati jeupe.

Hatua ya tatu: chagua vazi lenyewe

Suti ni sawa, lakini iwe nyepesi. Suti nyingi za mtumba zimeshonwa kwa ajili ya nchi za baridi: kitambaa cha sufu, bitana nzito hadi mikononi. Ukiipenda sana, mpelekee fundi aondoe bitana ya mgongoni na kuacha ya mabegani tu, koti litapumua. Kuhusu rangi, nyeusi tupu kuanzia kola hadi kiatu huwafanya watu waulize nani amefariki. Suti nyeusi yenye shati jeupe au la bluu hafifu haina neno. Suti nyeupe ya mtu mzima siipendi kabisa siku hii. Mweupe wa siku ni mmoja tu, yule mdogo, na liturujia yenyewe imempa vazi hilo kwa makusudi.

Kaunda suti ndiyo chaguo langu la kwanza kwa Dodoma kwa mwanaume yeyote aliyevuka miaka 35. Ilipata jina lake kwa Kenneth Kaunda, rais wa kwanza wa Zambia, na katika mji wa watumishi wa serikali kila mtaa una fundi anayeijua kwa kufumba macho. Ya mikono mifupi haihitaji tai wala shati ndani, ina mifuko minne ya kuwekea bahasha ya sadaka, kiberiti na vyeti, na inaingia kanisani na kwenye turubai kwa heshima ileile. Kijana akisema ni vazi la wazee, mshonee ya kubana kidogo, yenye kola ya kusimama na rangi ya kijani kibichi cha mzeituni. Atabadili maneno.

Shati la kitenge linafaa pale ambapo familia imekubaliana sare, au pale unapotaka rangi bila kuvaa koti. Angalizo ni moja: mwanaume aliyevaa shati la kitenge, suruali ya kitenge hiyohiyo na kofia ya kitenge hiyohiyo amezidisha. Shati liwe la kitenge, suruali iwe ya rangi moja iliyomo ndani ya kitenge. Mita mbili na nusu humtosha mwanaume wa kawaida kwa shati la mikono mifupi, na fundi akidai nne, mwambie akate mbele yako. Loweka kitambaa na ukianike kabla hujampelekea, kwa sababu kitenge cha pamba husinyaa kwenye maji ya kwanza, na shati lililokuwa sawasawa Jumapili linakuwa la mdogo wako Jumatano.

Kanzu utaiona pia. Tangu serikali ianze kuhamia Dodoma kwa kasi mwaka 2016, misa moja hapa inaweza kukusanya watu wa Kagera, Mbeya, Mara na Kilimanjaro kwenye benchi moja. Mkwe kutoka Bukoba atakuja na kanzu na koti juu yake, na hilo kwao ni vazi la heshima kubwa. Mjomba Mwislamu kutoka Kondoa naye atakuja na kanzu na kofia, akiwa rasmi kuliko wengi wenu. Mwenyeji amweleze mapema, kwa adabu, kwamba kanisani wanaume hukaa kichwa wazi, ili aamue mwenyewe kama ataingia au atawasubiri nyumbani kwenye sherehe. Kumvizia mlangoni na kumnong'oneza avue kofia ni kumwaibisha mgeni.

Sasa vya kuacha. Jezi ya Simba au Yanga, hata kama siku hiyo kuna mechi ya watani. Shati la chama cha siasa la rangi yoyote, na Dodoma tunayo mengi makabatini. Jinsi iliyochanika magotini. Fulana yenye maandishi ambayo hujayasoma. Mtumba huleta fulana za kila namna, na yapo matusi mazito yaliyoandikwa kwa herufi nzuri. Na nguo za mabakamabaka, zikiwemo kaptula za watoto. Hizo hata nje ya kanisa ni matatizo: mavazi yanayofanana na sare za jeshi hayaruhusiwi kwa raia, na mwaka 2023 JWTZ lilitoa siku saba kwa waliokuwa nazo kuzisalimisha.

Hatua ya nne: mvalishe mtoto anayebatizwa

Kama ni mtoto wa kiume mchanga, ubishi utaanza hapa. Kuna baba asiyetaka mwanawe avae gauni. Historia inamkatalia, kwa maana gauni jeupe refu la ubatizo limevaliwa na wavulana na wasichana sawasawa kwa vizazi vingi, lakini siku hizi kuna visuti vyeupe vya watoto na hakuna padri wala mchungaji atakayemrudisha mtu kwa sababu hiyo. Mimi naangalia mambo mengine matatu.

La kwanza, nguo ifunguke kifuani. Kwa Wakatoliki padri humpaka mtoto mafuta kifuani kabla ya maji, na krisma, yaani mafuta mengine matakatifu, utosini baada ya maji. Kisuti chenye kizibao, shati la vifungo sita, tai ya kipepeo na fulana ya ndani humfanya padri asubiri huku mama anahangaika na vifungo, mtoto analia na foleni ya watoto wengine imesimama. Gauni la kufunga kwa riboni mbele, au shati lenye vifungo viwili tu vya juu, linatatua hilo kwa sekunde.

La pili, shingo isibane. Tai ya kipepeo ya mpira inapendeza kwenye picha, lakini maji yakitiririka kutoka kichwani huishia hapo, na kitambaa kigumu kilicholowa chini ya kidevu humchubua. Mfunge tai baada ya ibada, wakati wa picha. Kofia naye asivae akienda mbele.

La tatu, kitambaa. Pamba laini iliyofuliwa mara moja kabla ya siku hiyo, kwa sabuni ya kawaida isiyo na manukato makali. Nguo mpya kutoka dukani huwa na ukakasi wa dawa za kiwandani. Ndani mwache na fulana nyepesi na nepi kavu, na ibadilishwe dakika chache kabla ya kuitwa, si nyumbani. Fungasha seti ya pili ya nguo nyeupe hata kama ni ya kawaida tu. Na taulo dogo la kumkausha kichwa; makanisa mengi huwa nalo, ila la kwako halijafuta vichwa vya watoto tisa waliotangulia.

Mtoto mkubwa anayebatizwa kwa maji ya kichwani, wa miaka minane au kumi, avae shati jeupe lisilobana kola na suruali nyeusi au ya bluu. Wengi wa umri huo, pamoja na watu wazima, hubatizwa usiku wa Mkesha wa Pasaka. Ibada hiyo ni ndefu, huanzia nje kwenye moto, kwa hiyo mpe sweta la kuvua na viatu alivyovizoea. Viatu vipya usiku wa mkesha ni mateso.

Hatua ya tano: wavalishe kaka zake

Hawa ndio huharibu ratiba.

Mvulana wa miaka miwili hadi mitano anahitaji suruali ya mpira kiunoni ambayo mtu yeyote anaweza kuishusha haraka chooni. Suruali ya zipu, ndoano na mkanda ni ya mtu anayejua kujihudumia. Mikanda ya kupita mabegani inapendeza, tatizo lake ni hilohilo la chooni. Viatu viwe vya kubandika. Na vile viatu vinavyowaka taa na kulia pi-pi kila hatua viacheni nyumbani, tafadhali, maana mtoto akishagundua kwamba sakafu ya kanisa inaitikia, hatakaa. Shati la akiba ni lazima. Fanta ya machungwa na shati jeupe hukutana kabla ya pilau kupakuliwa.

Kwa wa miaka sita hadi kumi na mbili kuna siri inayookoa pesa: shati jeupe la shule. Ni safi, linamtosha, na likipigwa pasi vizuri hakuna anayejua, ila ondoa nembo kama imeshikizwa kwa pini. Mpe kadeti ya rangi ya udongo, au ya bluu, na mkanda. Vijijini, kuanzia Mvumi hadi Mpwapwa, utaona wavulana wamekuja na sare kamili ya shule, kaptula na yote. Nguo hiyo ni ya heshima, imefuliwa, na mtoto anatembea nayo akijiamini. Anayewacheka ajirekebishe.

Ukinunua nguo mpya kwa umri huu, fundi aache pindo la akiba la sentimita tano kwenye suruali, kwa ndani. Mtoto akirefuka linafunguliwa na kupigwa pasi. Usinunue koti la "atalikuzia". Mabega ya koti hayapunguziki kirahisi, na mtoto aliyezama kwenye koti la kaka yake hupigwa picha itakayomfuata hadi siku ya harusi yake.

Vijana wa miaka 13 hadi 18 wanahitaji mazungumzo wiki moja kabla, kwa sauti ya chini. Suruali ya modo inakubalika ikiwa anaweza kupiga magoti ndani yake. Mjaribishe, apige magoti sebuleni mara tatu. Mlegezo haukubaliki, na sababu ni hiyohiyo: akiinama mbele ya benchi la bibi zake, kila kitu kiko hadharani. Nywele za kiduku sizigombanii. Akitaka kunyoa anyoe Alhamisi au Ijumaa, kwa kuwa kinyozi wa Jumapili asubuhi ana foleni, na upele wa wembe hujitokeza siku ileile. Mpe kijana nafasi achague kitu kimoja mwenyewe, soksi, saa au rangi ya shati, halafu mengine mpange ninyi.

Hatua ya sita: mahali pa kupata nguo, na ratiba ya fundi

Mitumba ya Sabasaba na Majengo inatosha kumvalisha mwanaume kutoka shingoni hadi mguuni. Nenda asubuhi siku balo linapofunguliwa, vaa suruali nyepesi ili ujaribu juu yake, na kagua maeneo manne ya koti: kwapani, ndani ya kola, viwiko, na makalio ya suruali kwa kuiinua kwenye mwanga. Kung'aa kwa kitambaa kwenye viwiko hakuondoki kwa kufua. Harufu ya stoo huondoka kwa kuanika kivulini penye upepo, na upepo Dodoma haukosekani.

Kwa fundi, mpe kitambaa wiki tatu kabla. Tarehe utakayomtajia iwe siku nne kabla ya ile ya kweli. Fundi wetu ni watu wema na mikono yao ina baraka, lakini neno "kesho" kwao ni pana. Mwambie akuchukulie vipimo umevaa viatu utakavyovaa siku hiyo, na akupime kifua ukiwa umekunja mikono kama unayempakata mtoto. Koti linalofunga vizuri ukiwa umesimama wima linaweza kukubana mgongoni dakika utakapobeba kilo sita. Hapo ndipo mshono wa nyuma hupasuka, mbele ya watu, ukiwa huna mkono wa kujishika.

Kuazima suti kwa rafiki ni jambo la kawaida na halina aibu. Ijaribu mapema, na usiitengeneze bila kumwambia mwenyewe.

Hatua ya saba: miguu, vumbi na usafiri

Nilisema nitarudi kwenye viatu. Vumbi la huku halichagui. Barabara kuu zina lami lakini kona ya mwisho kuelekea kanisani, iwe Nkuhungu, Chang'ombe au Veyula, mara nyingi ni mchanga mtupu. Kiatu cheusi cha kung'aa huonyesha kila chembe. Cha rangi ya kahawia huficha. Moka zinafaa kiangazi. Masika vaa kiatu cha kamba chenye soli nene, ukunje pindo la suruali hadi ufike, maana makorongo yetu hujaa maji kwa muda mfupi na kuacha tope linaloteleza. Raba safi nyeupe kwa vijana nazikubali. Malapa na makatambuga hapana, isipokuwa kwa mzee ambaye miguu yake imevimba, naye asiulizwe.

Soksi ziwe ndefu kufunika mashavu ya miguu, na zisiwe na tundu, kwani sherehe ikiwa nyumbani huenda ukavua viatu sebuleni.

Ukienda kwa bodaboda, koti liende kwenye mfuko wa nguo, limekunjwa nje-ndani, na ulivae ukiwa umefika. Baba mwenye shati jeupe nyuma ya bodaboda kwenye barabara ya vumbi hufika na shati la rangi mbili. Weka kitambaa kidogo chenye kiwi kavu mfukoni, pangusa viatu ukifika getini, halafu nawa mikono. Unakwenda kumshika mtoto.

Hatua ya nane: asubuhi yenyewe

Piga pasi usiku uliotangulia. Umeme unaweza kukatika, na pasi ya mkaa inahitaji utulivu: jaribu moto wake kwenye kitambaa kibichi kwanza, na upulize majivu ukiwa mbali na shati. Wavulana wapate chai wakiwa na nguo za kushindia, wavalishwe dakika ishirini kabla ya kutoka, mdogo akiwa wa mwisho. Baba avae baada ya kumbeba na kumcheulisha mtoto. Tai, kama ipo, ifungwe nyumbani, na ncha yake iingizwe ndani ya shati au ishikwe na kibano ili mtoto asiifanye kamba ya kuvutia.

Mifuko: simu iliyozimwa mlio, bahasha ya sadaka, leso mbili, kiberiti. Funguo nyingi zinazopiga kelele mpe mtu anayekaa nyuma.

Baada ya kanisa

Sherehe ikianza chini ya turubai, vua koti na kukunja mikono ya shati, hata baba mzazi, baada ya picha za familia. Mvinyo mwekundu wa zabibu za hapahapa ukimwagika, kandamiza doa kwa kitambaa kikavu bila kusugua, mwagia maji baridi, nyunyizia chumvi na uache hadi ufike nyumbani. Maji ya moto hulifanya doa kuwa la kudumu. Mafuta ya pilau yanataka sabuni ya unga mkavu juu yake kwanza, kabla ya maji yoyote.

Jioni, kung'uta vumbi la koti nje kabla ya kulitundika. Nguo nyeupe za mtoto zifuliwe siku inayofuata kwa mkono, zikaushwe kabisa, zifungwe kwenye kitambaa cha pamba, kwa sababu shangazi mmoja tayari ameshauliza kama anaweza kuziazima Desemba. Suti ya kuazima irudishwe ndani ya wiki, imefuliwa, na viatu vyake vimepigwa kiwi.